Mwenye Vyombo na Mwenye Sauti

Bendi ya muziki hujengwa kwa vitu vitatu: vyombo, sauti na jina. Vyombo hununuliwa kwa fedha. Sauti hutolewa na Mungu na kunolewa kwa mazoezi. Jina hupatikana kwa wapenzi wanaorudi ukumbini juma baada ya juma. Vitu hivyo vikiwa mkononi mwa watu walewale, bendi ni mali ya wapigaji wake, nao huvuna walichopanda. Vikigawanyika, huyu akamiliki vyombo, yule akawa na sauti, na jina likakaa vinywani mwa umma, kazi yaweza kuwa njema na mavuno yakaenda pengine. Maisha ya bendi ya Mlimani Park, ambayo wengi huijua zaidi kwa jina la mtindo wake, Sikinde, ni kielelezo cha mgawanyiko huo. Tangu ilipoundwa mwaka 1978 bendi hiyo imebadili mikono, imepoteza waimbaji ikapata wengine, na imezeeka bila ya kufa. Kudumu kwake ni sifa. Walakini yafaa kuuliza ni kitu gani hasa kilichodumu, na ni nani aliyelipa gharama ya kudumu huko.

Jina la bendi lilitoka katika kilima. Chuo Kikuu kilichoanza mwaka 1961 katika jengo la katikati ya mji, mtaa wa Lumumba, kilihamia juu ya kilima upande wa Ubungo mwaka 1964, na tangu siku hizo watu wa Dar es Salaam wameita mahali pale Mlimani, hata neno hilo likawa na maana mbili: kupanda mlima na kupanda elimu. Baa moja ya upande huo ikaitwa Mlimani Park, na bendi iliyopiga ndani yake ikaitwa kwa jina la baa. Kwa hiyo elimu na dansi vilipata kuwa majirani, vikagawana jina moja. Mwanafunzi aliyefunga kitabu chake jioni angeweza kuteremka kwa miguu akasikiliza mambo ya ndoa, fedha na ujirani yakijadiliwa kwa magitaa na matarumbeta. Leo kilima hicho kimo katika Wilaya ya Ubungo, iliyomegwa kutoka Kinondoni katikati ya miaka ya 2010.

Mlimani Park haikuwa bendi ya kwanza ya Ubungo. Kando ya barabara ya Morogoro kulikuwa na kiwanda cha nguo cha Urafiki, kilichojengwa kwa msaada wa China na kufunguliwa mwaka 1968. Mwaka 1970 kiwanda hicho kiliunda bendi yake, Urafiki Jazz, chini ya uongozi wa Juma Mrisho, aliyefahamika kwa jina la Ngulimba wa Ngulimba. Mtindo wao uliitwa Chakachua. Bendi ilichezesha watu, na papo hapo ilitangaza khanga na vitenge vya kiwanda. Mtu asiyejua habari za nchi hii angeshangaa kusikia kiwanda cha nguo kina wapiga saksafoni katika orodha ya wafanyakazi wake. Lakini zama hizo jambo hilo halikuwa la ajabu. Chama cha wafanyakazi, NUTA, kilikuwa na bendi tangu mwaka 1964. Vijana wa TANU walikuwa na bendi, polisi walikuwa na bendi, jeshi lilikuwa na bendi, na Shirika la Bima la Taifa nalo likaja kuwa na yake, Bima Lee.

Hapo zamani mambo hayakuwa hivyo. Bendi za kwanza za dansi katika miji ya Tanganyika, kama Dar es Salaam Jazz ya miaka ya 1930 na Morogoro Jazz ya miaka ya 1940, zilikuwa vyama vya watu waliopatana. Wanachama walichanga, wakanunua vyombo, wakachagua viongozi wao, na aliyepiga usiku alikuwa na kazi nyingine mchana. Bendi ilikuwa klabu, na klabu ilikuwa mali ya wote. Mabadiliko yalikuja pamoja na umeme. Gitaa kavu na ngoma zaweza kununuliwa kwa mchango wa marafiki. Magitaa ya umeme, vikuza sauti, vipaza sauti, saksafoni na gari la kuvichukua haviwezi. Vitu hivyo vyote vilitoka ng'ambo, navyo vilidai fedha za kigeni, na baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967 mlango wa kuingiza vitu nchini ulikuwa mkononi mwa serikali na mashirika yake. Basi aliyetaka kupiga muziki kwa vyombo vizuri alilazimika kwenda alipo mwenye vyombo. Mwenye vyombo naye alimwandika kazi, akampa mshahara, na kwa mshahara huo akawa mwenye bendi.

Haifai kuudharau mpango huo. Kabla yake mwanamuziki alihesabiwa na wazee wengi kuwa mhuni, mtu wa pombe na usiku. Mpango huu ulimfanya mfanyakazi mwenye cheo, likizo na hati ya mshahara. Ulimpa nafasi ya kufanya mazoezi mchana badala ya kushona viatu au kubeba mizigo. Ubora wa muziki wa dansi wa miaka ya 1970 na 1980 hauwezi kuelezwa bila ya kutaja saa hizo za mazoezi zilizolipiwa. Hata hivyo, mshahara ni malipo ya muda. Hulipa jasho la mwezi huu, wala hauulizi kama jasho hilo limezaa kitu kitakachoishi miaka arobaini.

Mlimani Park iliundwa mwaka 1978 chini ya shirika la usafiri na teksi lililoitwa Tanzania Transport and Taxi Services. Wapigaji wake wa kwanza walitoka katika bendi nyingine. Abel Balthazar, Joseph Mulenga na Cosmas Thobias Chidumule walitoka Dar International. Muhiddin Maalim Gurumo na Hassani Bitchuka walitoka katika bendi ya wafanyakazi, ambayo wakati huo ilikuwa imebadilika jina kutoka NUTA kuwa JUWATA. Michael Enoch, aliyekuwa ameanza katika Dar es Salaam Jazz mwanzoni mwa miaka ya 1960, alikuja na ujuzi wa vyombo vingi na moyo wa ualimu. Huo haukuwa mkusanyiko wa wanagenzi. Ulikuwa ni mkutano wa mafundi waliokwisha kujulikana, kila mmoja akiwa na nyayo zake nyuma.

Zama zenyewe hazikuwa za raha. Mwaka huohuo wa 1978 vita na Uganda ya Idi Amin vilianza, na vilipokwisha mwaka 1979 nchi iliingia katika miaka ya dhiki: sukari kwa foleni, sabuni kwa foleni, petroli kwa kipimo. Uzi mmoja wa gitaa ulipokatika ulikuwa msiba mdogo. Lakini katika miaka hiyohiyo Mlimani Park ilipanda juu kupita bendi nyingi. Mtu mwenye dhiki hatafuti kusahau tu; hutafuta pia kusikia dhiki yake ikitajwa kwa adabu na kupewa mahadhi. Nyimbo kama Neema, Nalala kwa Tabu na Barua Kutoka kwa Mama zilishughulika na mambo ya nyumba na moyo: mapenzi, upweke, wajibu wa mtoto kwa mzazi. Hazikuwa hotuba. Zilikuwa maneno ambayo jirani angeweza kumwambia jirani barazani, na kwa hiyo watu walizichukua kuwa zao.

Utengenezaji wa wimbo katika bendi kama hiyo wastahili kuelezwa, kwa sababu haki yote iliyogombaniwa baadaye imo ndani yake. Mtunzi, aghalabu mwimbaji, huja mazoezini na maneno na mahadhi. Mpiga solo hutafuta njia ya kuyafungua na kuyajibu. Mpiga ridhim huweka msingi, na gitaa jingine huja katikati yao likisuka uzi wa tatu. Mpiga besi, katika muziki wa Dar es Salaam, hafuati tu nyuma. Husema neno lake mwenyewe, mara nyingine akanyamaza mahali ambapo msikilizaji anamtazamia. Matarumbeta na saksafoni hupangiwa vipande vyao, kazi ambayo katika Mlimani Park ilimtegemea sana Michael Enoch. Sehemu ya kwanza ya wimbo huenda polepole ili maneno yasikike. Kisha muziki hugeuka, mwendo huongezeka, waimbaji huachia nafasi vyombo, na ukumbi wote husimama. Sehemu hiyo ya pili huitwa chemko. Wimbo ukitoka mazoezini umekwisha kupita katika mikono ya watu kumi au zaidi. Kuuliza ni wa nani ni kama kuuliza ni nani aliyejenga nyumba iliyojengwa kwa msaragambo.

Wimbo uliokwisha kukomaa ulipelekwa Redio Tanzania Dar es Salaam ukarekodiwa katika studio yake. Nchi haikuwa na kiwanda cha santuri. Nyingine zilichapishwa Nairobi. Kwa hiyo redio ndiyo iliyokuwa santuri ya taifa. Ilirusha nyimbo mchana na usiku, kutoka Mtwara hadi Bukoba, na jina la Mlimani Park likafika vijijini ambako bendi yenyewe haikupata kukanyaga. Faida ya bendi ilikuwa kwamba wimbo ukipendwa redioni watu wangejaa ukumbini na kulipa kiingilio. Lakini kiingilio kilikuwa cha mwenye bendi. Kanda ilikuwa ya redio. Mtunzi alibaki na furaha ya kusikia jina lake likitajwa na mtangazaji, na furaha hiyo, ingawa ni kubwa, haijapata kulipa kodi ya chumba.

Mwaka 1983 shirika la teksi lilifikia mwisho wake. Hapo likaonekana jambo la kufundisha. Teksi zilikwisha, lakini bendi haikufa. Shirika la maendeleo la jiji, DDC, liliichukua pamoja na watu wake, na tangu siku hiyo ikaitwa DDC Mlimani Park Orchestra. Ikapata kumbi za shirika hilo, hasa ule wa Kariakoo, ukawa kama nyumbani kwake, mbali na kilima kilichoipa jina. Kwa wapenzi mabadiliko hayo yalikuwa herufi tatu tu zilizoongezwa mbele ya jina. Kwa wapigaji yalikuwa habari ya mwajiri mpya: vyombo vimepata mwenyewe mwingine, nao wamekwenda pamoja na vyombo. Waliokuwa kiini cha bendi walihama kutoka kitabu cha shirika moja kuingia kitabu cha shirika jingine.

Baada ya miaka miwili tu nguvu ya vyombo ilidhihirika tena. Mwaka 1985 Hugo Kisima, mfanyabiashara aliyemiliki Orchestra Safari Sound, bendi iliyokuwa na makao Kimara katika barabara ileile ya Morogoro, aliunda upya bendi yake kwa kuwavuta wapigaji mashuhuri wa Mlimani Park. Gurumo alikwenda. Bitchuka alikwenda. Abel Balthazar alikwenda. Bendi mpya, International Orchestra Safari Sound, ilijitwalia mtindo wa Ndekule, na kwa muda ilitikisa mji. Wapenzi wa Sikinde waliona uchungu kama wa nyumba iliyovunjika. Wengine waliita jambo hilo usaliti.

Neno usaliti ni zito, yapasa lipimwe kabla ya kutamkwa. Mtu husaliti kile alicho na sehemu ndani yake. Mkulima akiacha shamba la baba yake likaota magugu, alaumiwe. Lakini kibarua akihama shamba la bwana mmoja kwenda kwa mwingine anayeongeza posho, ametumia uhuru wa pekee alio nao. Mwimbaji wa Dar es Salaam hakuwa na hisa katika vyombo, wala katika jina, wala katika kanda za redio. Alichokuwa nacho ni koo lake na miguu yake. Koo lilimfanya atakiwe, na miguu ikamfanya athaminiwe. Historia ya muziki wa dansi imejaa kuhama kwa namna hiyo: Shaaban Dede, kwa mfano, aliimba katika Sikinde, katika Bima Lee na katika Msondo, na kila mahali alikokwenda alikaribishwa kwa shangwe na mahali alikotoka akalaumiwa. Kama wangalikuwa na sehemu katika bendi, huenda wengi wasingalihama. Mwenye nyumba hahami kwa sababu ya harufu nzuri ya mchuzi wa jirani.

Safari Sound yenyewe haikuishi miaka mingi. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Gurumo alikuwa amekwisha kurejea katika bendi ya wafanyakazi, iliyokuwa imebadilika jina tena kuwa OTTU Jazz. Naye Bitchuka katika maisha yake alipata kuimba pande zote mbili, Sikinde na Msondo. Sikinde haikuzama. DDC ilitafuta waimbaji wengine, wapigaji waliobaki walishika njia ileile, na masikio ya watu yaliendelea kutambua muziki wao hata kabla ya mwimbaji kufungua kinywa. Hapo ndipo linapojibiwa swali la kwanza, la nini kilichodumu. Havikuwa vyombo, kwa maana vyombo huchakaa. Hazikuwa sauti, kwa maana sauti zilihama. Kilichodumu ni mtindo, yaani namna ya kusuka magitaa na kupanga matarumbeta, iliyofundishwa na mpigaji kwa mpigaji kama ufundi wa mashua ufundishwavyo na fundi kwa mwanagenzi.

Jina la mtindo huo nalo halikubuniwa na shirika lolote. Sikinde ni ngoma ya Wazaramo, wenyeji wa nchi inayozunguka Dar es Salaam, na bendi ilijiita Sikinde Ngoma ya Ukae, kwa lugha ya wenyeji hao ngoma ya nyumbani. Msondo, jina la mtindo wa bendi ya wafanyakazi, nalo ni jina la ngoma. Basi chini ya magitaa ya umeme mlikuwa na ushindani wa zamani zaidi, ule wa ngoma mbili zinazopigwa katika uwanja mmoja, kila moja ikijaribu kuwavuta watazamaji wa mwenziwe. Wapenzi wa Sikinde na wapenzi wa Msondo waligawanyika kama wapenzi wa Simba na Yanga. Ndani ya nyumba moja mume aliweza kuwa wa huku na mke wa kule. Ushindani huo ulizipa bendi hizi mbili maisha marefu kuliko wengi wa wenzao, kwa sababu kila moja ilikuwa ukuta ambao nyingine iliegemea. Urafiki Jazz haikupata ukuta wa namna hiyo, wala bendi nyingi nyingine za mashirika. Shirika lilipodhoofika, nazo zilinyamaza.

Miaka ya 1990 ilileta upepo mwingine. Mashirika ya umma yaliuzwa au yalifungwa, na bendi zilikuwa miongoni mwa vitu vya kwanza kuonekana kuwa anasa. Redio na televisheni za watu binafsi zilifunguliwa, nazo zilikuwa na nyimbo za dunia nzima za kuchagua. Vijana wa mjini walianza kuimba kwa mtindo wa kufokafoka katika Kiswahili, na kutoka hapo ukazaliwa muziki unaoitwa Bongo Fleva, ambao hauhitaji watu kumi na wawili wala gari la kuchukua vyombo. Katika miaka hiyohiyo, ambapo mjini watu walianza kuziita nyimbo hizo za zilipendwa, kampuni ya Africassette ya Detroit, Marekani, ilitoa mkusanyo wa nyimbo za Mlimani Park kwa wasikilizaji wa ng'ambo, nao wakazisifu kuwa miongoni mwa kazi bora za muziki wa Afrika Mashariki. Methali husema kwamba nabii hana heshima kwao. Sikinde ilikuwa na heshima kwao. Ilichokosa kwao ni hesabu.

Uzito wa neno hilo ulionekana wazi mwaka 2013. Katika mwaka huo Gurumo, aliyezaliwa Kisarawe mwaka 1940 na aliyekuwa ameimba kwa zaidi ya nusu karne, alitangaza kuustaafu muziki. Magazeti yaliandika maneno yake kwamba katika miaka yote hiyo muziki haukumpatia hata baiskeli. Maneno hayo yalimfikia Diamond Platnumz, kijana wa Bongo Fleva aliyekuwa akipanda kwa kasi, naye akampa mzee huyo gari. Watu walimsifu kijana, na kwa haki. Gurumo alifariki dunia mwezi wa Aprili mwaka 2014, na viongozi na wanamuziki walimlilia.

Zawadi hiyo, ijapokuwa ilikuwa njema, yaweza kusomwa kwa namna mbili. Kwa namna ya kwanza ni adabu ya kijana kwa mzee, na utamaduni wa pwani hauna jambo lililo zuri zaidi. Kwa namna ya pili ni hati ya mashtaka isiyotaja mshtakiwa. Mtu ambaye sauti yake ilisikika katika kila nyumba yenye redio kwa miaka hamsini hakupaswa kungojea huruma ya mtu mwingine ili apate chombo cha kumchukua hospitali. Zawadi hutolewa na moyo, na moyo hutoa upendapo. Haki hutolewa na kanuni, na kanuni haingojei kupenda.

Wako wasemao kwamba wanamuziki walikula fedha zao kwa starehe, na kwamba anayeimba usiku asilalamike akiamka maskini. Pengine wako waliofanya hivyo, kama walivyo makarani, mabaharia na walimu waliofanya hivyo. Lakini hoja hiyo hujibu swali ambalo halikuulizwa. Swali si namna mwanamuziki alivyotumia mshahara wake. Swali ni kwamba baada ya mshahara kutumika, kazi yake iliendelea kufanya kazi. Fundi seremala akiuza kiti amemaliza. Mwenye kukinunua hukikalia, hakiongezeki. Wimbo si kiti. Wimbo huuzwa leo na kesho unaweza kuuzwa tena, na keshokutwa mtu asiyejulikana ataupiga harusini na kulipwa. Kitu kinachozaa kila mwaka chastahili kuitwa mti, na mti una mwenyewe hata kama shamba ni la mwingine. Mila za pwani zilijua jambo hilo tangu zamani: mtu aliweza kumiliki minazi katika kiwanja kisicho chake, akapanda na kuangua bila ya ugomvi.

Sheria ya hakimiliki na hakishiriki ilitungwa mwaka 1999, na chombo cha kuisimamia, COSOTA, kikaundwa baada yake. Kwa Mlimani Park hiyo ilikuwa baada ya miaka ishirini na moja. Nyimbo zilizopendwa zaidi zilikuwa zimekwisha kurekodiwa, kanda zimo katika hifadhi ya redio ya taifa, na wapigaji wametawanyika: wengine bendi nyingine, Chidumule katika nyimbo za dini, wengine kaburini. Sheria ilipouliza mwenye wimbo ni nani, ilikuta msaragambo. Jina la mtunzi wa maneno mara nyingi lilijulikana. Jina la aliyebuni sauti ya gitaa ambayo bila yake wimbo haujulikani, na la aliyepanga matarumbeta, aghalabu halikuandikwa popote. Hapo yaonekana kwamba umaskini wa mwanamuziki haukutokana na dhuluma ya mtu mmoja. Ulitokana na ukosefu wa kitabu. Mwenye vyombo alikuwa na daftari la vyombo. Redio ilikuwa na daftari la kanda. Mwenye sauti hakuwa na daftari.

Katika wilaya hiyohiyo ya Ubungo kuna kituo cha daladala kiitwacho Sinza kwa Remmy. Kimeitwa kwa jina la Remmy Ongala, mwimbaji wa Super Matimila, aliyeishi mahali hapo na aliyefariki dunia mwaka 2010. Hakuna shirika wala amri iliyolipa jina hilo. Makondakta na abiria ndio waliolitamka hadi likakaa. Hiyo ni heshima ya namna ileile ya Sikinde, heshima inayotolewa na vinywa vya watu. Yaonyesha kwamba umma haukuwa mchoyo. Umma ulitoa ulichokuwa nacho, nacho ni jina.

Kilichobaki ni kazi ya wale wenye kalamu. Chuo Kikuu kilikuwa juu ya kilima wakati bendi ikipiga chini yake, na jina lake na jina la bendi ni tunda la mti mmoja. Elimu imekwisha kuandika mengi juu ya mashairi ya kale ya Lamu na Pemba, na yafaa iandike zaidi. Lakini nyimbo za Mlimani Park nazo ni mashairi ya watu wa mji, na watunzi wao wengine bado wapo na wanaweza kuulizwa. Kuandika kwamba katika wimbo fulani fulani alipiga solo, fulani besi, na fulani alipanga matarumbeta, si kazi ya anasa wala ya kumbukumbu tu. Ni kazi ya kutengeneza daftari lililokosekana. Bila ya daftari hilo hakuna sheria itakayomfikia mjane wa mpiga ridhim, kwa sababu sheria haijui kusikiliza, inajua kusoma.

Vyombo vya mwaka 1978 vimekwisha kuharibika, na shirika la teksi lililovinunua limesahauliwa hata na wengi wanaozikumbuka nyimbo. Sauti bado zimo katika kanda. Jina bado limo vinywani, na hata katika miaka ya 2010 bendi ilikuwa ikipanda jukwaani kwa jina hilo. Katika vitu vitatu vilivyoijenga bendi, kile kilichokuwa na mwenyewe ndicho kilichooza kwanza, na viwili visivyokuwa na mwenyewe ndivyo vilivyoishi. Haki itakapotaka kuja, haitahitaji kuvitafuta mbali. Itahitaji tu kuandikiwa majina.